Upande wa Mlango

Tangu Kibondo mpaka kizuizi cha Mabamba, Esteri hakutazama nje ya dirisha hata mara moja. Alimtazama Nduwayezu, aliyeketi kiti cha mbele, kofia mapajani.

"Mama Ininahazwe," Mama Venanti alimnong'oneza, kwa sauti ambayo basi zima la Kosta liliisikia, "utammaliza mkwe kwa macho. Mbakizie binti yako baba mkwe."

Wanakwaya wakacheka. Nduwayezu naye akacheka, bila kugeuka.

Harusi ilikuwa Jumamosi ya wiki inayofuata. Ng'ombe wa mahari walikuwa wamekwisha kufika Kitahana, na Ininahazwe alikuwa hata kula hawezi kwa furaha. Kilichobaki kilikuwa cha Esteri peke yake. Siku ya posa, katikati ya mazungumzo ya mvua na maharage, mzee huyu wa Kasulu alitaja kwamba kabla ya ukimbizi kwao kulikuwa ng'ambo ya mpaka, kwenye kilima chenye kanisa. Kilima kilekile walikotoka Esteri na mumewe. Tangu siku hiyo Esteri hakupata usingizi wa maana. Kwaya ilipopanga safari ya siku moja kwenda kuona kumbukumbu ya waliouawa katika kanisa hilo, yeye ndiye aliyesema mkwe naye aalikwe.

Watu walifungiwa ndani siku ile. Alitaka kujua jambo moja tu: Nduwayezu alikuwa upande gani wa mlango. Kama alikuwa upande mmoja, harusi ifungwe. Kama alikuwa upande wa pili, ataivunja mwenyewe, hata mwanawe amchukie mpaka kaburini.

Mwongozaji, kijana mrefu aitwaye Bazilio, aliwapokea mlangoni na kuwaomba wazime simu. Kizingiti kilikuwa kimepasuka katikati. Mama Venanti alijikwaa, na aliyemfuata akajikwaa. Esteri alikiruka bila kutazama chini.

Ndani hapakuwa na mabenchi. Palikuwa na nguo, zimelazwa sakafuni kwa safu, rangi zote zimekuwa moja. Na masufuria. Watu walikuja na masufuria kwa sababu walidhani watakaa siku nyingi na watapika.

"Walikimbilia hapa kwa sababu ni nyumba ya Mungu," Bazilio alisema. "Aliyewafungulia alikuwa mlinzi wa kanisa. Aliwaambia wasiogope. Kisha akafunga kwa nje, akawaita wenzake. Baadaye alivuka na familia yake, akaja huko kwenu. Hatujui kama bado yu hai."

"Mungu atamwona," mtu mmoja akasema.

"Mungu amekwisha kumwona," Nduwayezu alisema taratibu. "Sisi ndio hatujamwona."

Esteri aliitazama mikono ya Nduwayezu. Ilikuwa imetulia mno.

Akamkumbuka marehemu mume wake. Tangu wafike Tanzania, hakukanyaga tena ndani ya kanisa. Hata siku Ininahazwe alipobatizwa alisimama nje, juani. Watu wa Kitahana walimwonea huruma, wakasema yule baba amepitia mengi. Esteri aliwaacha waamini hivyo.

"Kuna mtu wa kilima hiki kati yenu?" Bazilio aliuliza.

Esteri aliinamia masufuria. Nduwayezu aliizungusha kofia mikononi.

Walipotoka, Bazilio alisema sasa watakwenda kisimani. Alikuwa hajaonyesha njia, lakini Nduwayezu alikwisha kuishika, nyuma ya kanisa, katikati ya mikaratusi. Wanakwaya wakatazamana. Hata Mama Venanti aliacha utani.

Esteri alimfuata mpaka ukingoni.

"Mkwe, hapa unapajua."

"Ego, ndiyo. Napajua."

"Siku ile ulikuwa wapi?"

Nduwayezu aliinama, akagusa jiwe la kisima.

"Hapahapa. Mama alinituma maji. Yeye na dada zangu walibaki mle ndani. Niliporudi na ndoo, nikakuta mlango umefungwa." Alivaa kofia, akaivua tena. "Hata mwanangu Felisiani sijamwambia. Nilingoja aoe, awe na watu wa kumshika."

Wanawake waliokuwa nyuma yao walianza kulia. Esteri akakaa kwenye majani.

"Umeona sasa?" Mama Venanti alimwambia, akimpapasa mgongo. "Na wewe tangu asubuhi unamchunguza mwenzio kama mwizi."

Kwa desturi ya kilima kile, anayetoka kuwaona wafu hunawa mikono, kisha hunywa. Wazee wa pale walileta kibuyu cha pombe ya mtama, chenye mrija mmoja. Bazilio aliwaeleza maana yake, kama anavyowaeleza wageni wote. Koo mbili, moja ikiwa imemwaga damu ya nyingine, hazinywi kwa mrija mmoja. Asiyejua akinywa, hapatwi na kitu. Anayejua akinywa, ugonjwa hauanzi na yeye. Huanza na watoto wake.

"Basi tuanze sisi wakwe," Nduwayezu alisema. "Miaka yote hii sijapata mtu wa kunywa naye hapa."

Alivuta kwa muda mrefu, macho ameyafumba. Akaufuta mrija kwa kiganja, akamnyooshea Esteri kibuyu kwa mikono miwili.

"Karibu, mkwe."

Mama Venanti alianza kigelegele, akakumbuka mahali alipo, akakimeza. "Pokea basi, Mama Ininahazwe. Mzee atachoka mikono."

Esteri aliirudisha mikono yake nyuma ya mgongo.

Nduwayezu alikuwa bado anatabasamu, kibuyu mbele yake, wakati wazee wa kilima walipoanza kusimama, mmoja mmoja, wakimtazama Esteri.