Patasi ndani ya Mpingo

Hakimu aliinama kulitazama gogo la mpingo katika kibanda cha Kornelio, mchongaji wa Temeke.

Miezi minne nyuma, Februari 1968, mahakama iliamuru gogo hilo lisiguswe na mtu yeyote hadi ijulikane ni la nani. Shemeji yake Kornelio, aliyedai gogo ni lake, sasa alisema Kornelio analichonga kwa siri. Ikithibitika, angefungwa miezi sita kwa kuidharau mahakama.

"Patasi inalia humu kila siku," shemeji alisema. "Mie si kiziwi."

"Nachonga vinyago vingine, shemeji. Ulikuwaga unavisifia."

Uso wa mwanamke ulikuwa umeanza kutokeza kwenye mti, una jicho moja tu. Mahali pa jicho la pili patasi ilisimama wima, imezama nusu kidole. Chuma kilikuwa kimeshika kutu. Kati ya mpini na mti nyigu alikuwa amejenga kiota cha udongo, nacho kilikwisha kukauka na kutoboka; watoto walishatoka.

"Kwa nini hukuichomoa?" hakimu aliuliza.

"Karani aliniletea amri nikiwa nimeshapiga nyundo, Bwana Hakimu. Kuichomoa ni kugusa."

"Na kazi unafanyia nini?"

"Nimeazima nyingine."

Shemeji alitazama chini. Hakimu alinyoosha kidole aguse ile kutu.

Kornelio alikohoa kidogo. "Samahani, Bwana Hakimu. Imeandikwa mtu yeyote."

Kidole kilisimama hewani. Kisha hakimu akaurudisha mkono wake taratibu, akavua kofia.