Faili la Karani wa Masjala

Karani mpya alilitafuta faili la Bi Mwajabu asubuhi nzima asilipate, mwisho Bi Mwajabu akainuka akalitoa mwenyewe. Makabati ya masjala ile aliyapanga yeye kwa miaka thelathini, mpaka alipostaafu. Alilifuta faili lake vumbi kwa ncha ya khanga, akampa afisa utumishi aliyekuwa akishughulikia pensheni yake, bila kulifungua.

Ndani mlikuwa na barua ya kumpandisha cheo, iliyotiwa saini miaka tisa kabla hajastaafu.

"Lakini mama," afisa alisema, "faili lilikuwa mikononi mwako. Hukuchungulia hata siku moja?"

"Karani wa masjala hafungui faili lake. Kila mwaka nililipeleka kwa mkuu wangu alikague, nikalirudisha kabatini."

Afisa alijikuna kichwa. "Basi andika barua ya kuomba radhi kwa kuchelewa kudai, ndipo cheo kihesabiwe kwenye pensheni yako." Akamsogezea karatasi na kalamu.

Bi Mwajabu aliitazama ile karatasi. Akaandika jina lake, chini yake cheo kipya, kisha tarehe ya barua ile, akaweka kalamu.

"Na radhi je, mama?"

"Siombi, mwanangu."