Nyota ya Bati

Ilikuwa Julai, studioni Nashville, na kiyoyozi kilizimwa kelele zake zisiingie kwenye video ya wimbo wa Krismasi. Kaka yangu Wendell, mtu mzima na mvi zake, alivaa sweta jekundu la Krismasi huku jasho likimchuruzika. Aliimba jinsi baba alivyomwinua akapachika nyota juu ya mti. Mimi nilikuwa wa kuitikia.

Zamu yangu ilipofika, nikaisogeza maikrofoni kando.

"Itikia basi, dada."

"Mlevi yule alikuinua lini?"

"Watu wanataka kulia kidogo wakipamba mti. Usiniharibie."

"Basi waimbie na siku aliyokutupia hiyo nyota ya bati usoni."

Wendell akajipangusa jasho la usoni kwa mkono wa sweta. Poda ikabaki hapo, kovu likatokeza kidevuni.

"Turudie," akamwambia fundi wa kurekodi. "Kuanzia pale baba anaponiinua."