Mvumo Nyuma ya Sikio

Siku hizi kila mtu huwekewa kilango chini ya fuvu, kwenye tundu ambalo mshipa hupitisha damu inayorudi kutoka kichwani. Mwalimu wetu wa kisomo cha jioni alituonyesha kwa fuvu la plastiki. Damu ikikawia, kilango huvuma. Hofu ikikaza shingo huvuma pia, na nyumba nzima husikia.

Leo alasiri mume wangu, Shekue, alirudi kutoka hospitali alikokwenda kuchukua majibu ya ini.

"Mazuri, mama Mwanaidi. Alhamdulillahi."

Nyuma ya sikio lake palivuma kama mzinga wa nyuki.

"Baba, mbona unavuma?" aliuliza binti yetu.

"Ngazi hizo. Na wewe umezidi upelelezi!"

Tukaswali. Katika sijda vilango vyote huvuma, kwa kuwa kichwa kiko chini, na hakuna anayeulizwa kitu. Baada ya salamu changu kilinyamaza. Chake hakikunyamaza.

"Naongeza sijda ya shukurani," alisema, akainama tena, akabaki hapo chini akivuma.

Mwanaidi alinitazama. Nikarudisha paji la uso kwenye mkeka, ili mvumo wake usisikike peke yake.