Kasuku Aliyeuponda Wimbo wa Nungunungu

Kaeni niwape hii, na mwenye kubisha aende porini akaulize. Nungunungu alitoa singo yake ya kwanza ya hiphop, mdundo akiupiga kwa miiba ya mgongoni mwake. Tangu azaliwe hajawahi kualikwa ngomani, maana kila mnyama aliogopa kuchomwa. Akajiapiza kwamba wimbo ukibuma anarudi shimoni kutafuna mizizi, haimbi tena.

Akaupeleka kwa Kasuku, mtangazaji wa redio ya msitu, mwenye domo kuliko redio yenyewe.

"Mzee, takataka hii siipigi," Kasuku akamwambia. "Kesho nakuchana hewani, ukome!"

"Usinifanyie hivyo, kaka."

Asubuhi Kasuku akaingia hewani. "Wasikilizaji, sikieni upuuzi: Sogea, sogea, mwenye miiba apite! Huo nao wimbo?" Sasa kasuku mnamjua, akishadaka kitu hakimtoki mdomoni. Akaponda na kurudia, akaponda na kurudia, hadi jua likawa utosini. Nungunungu akajichimbia shimoni kwa aibu.

Kufika jioni, Nyumbu walikuwa wanavuka mto wakiimba Sogea, sogea. Fisi alicheza hadi akasahau mzoga. Wakamtoa Nungunungu shimoni, wakamsimamisha juu ya kichuguu katikati ya ngoma. Aliimba neno moja tu, msitu mzima ukamalizia.

Kasuku akajipenyeza mbele. "Kaka mkubwa, nisamehe! Kesho nakusifia kutwa nzima."

"Thubutu!" Nungunungu akasema, akitikisa miiba. "Wewe niponde vilevile, mdogo wangu. Wimbo wa pili unatoka Ijumaa."