Bahasha ya Mwamuzi

Fundi Saa alipanda juu ya kiti na viatu vyake vya tope, akaing'oa picha ya Bingwa Mkuu ukutani, mbele ya watu sitini waliokuja kumpigia makofi mwenye picha.

"Shuka, kaka! Unanitia aibu," dada yake alimwambia huku kakaza meno.

"Aibu kamuulize mumeo."

Siku hiyo ukumbi wa klabu ya sataranji ulikuwa unapewa jina. La Bingwa Mkuu, la nani tena? Ndiye wa kwanza nchini kupata cheo hicho. Kacheza mabara manne, kawatoa jasho mabingwa wawili wa dunia, na sasa katoa na kitabu. Mchezo wa kwanza kitabuni, ule uliomfungulia njia yote hiyo, ni ule aliomtoa Fundi Saa. Kamchukulia ubingwa, na mwaka uliofuata kamchukulia na dada.

Fundi alikuwa ameusoma ukurasa ule hadi karatasi ikalegea. "Ndani ya bahasha niliandika ngome kwenda pembeni. Mpinzani wangu naye aliiona, akasalimu amri."

Mwongo! Mwongo mkubwa!

Enzi hizo mchezo ukichukua muda mrefu uliahirishwa. Mwenye zamu aliandika hatua yake kwenye karatasi bila kuicheza ubaoni, mwamuzi akaifungia kwenye bahasha hadi kesho, ili asiwepo wa kulala na faida. Jioni ile Fundi alikuwa mbele kwa farasi mzima. Zamu ilikuwa ya mwenzake. Hatua ni herufi na namba basi, lakini jamaa alikaa dakika ishirini kainamia kikaratasi, anaandika kama anayeandika wosia.

Fundi alirudi nyumbani anapiga mluzi. Akapanga kete kitandani ajifurahishe kidogo, ndipo akaiona: kete ya ngome ya mwenzake ikienda pembeni, mfalme wa Fundi hana pa kukimbilia. Alitafuta njia hadi macho yakawaka. Hakuna. Saa tatu asubuhi akampigia simu mwamuzi: nimesalimu amri. Hakwenda hata kupeana mkono. Akakae pale aangaliwe anavyochinjwa? Yeye?

Kilichomuuma zaidi alikisikia baadaye. Eti asubuhi hiyo mwenzake alikuja klabuni na begi la safari, nguo zote ndani. Jeuri gani hiyo! Mchezo haujaisha, mtu kashafunga mizigo ya kwenda kwenye mashindano makubwa! Na alipoambiwa kashinda, hakushangilia. Aliliweka begi chini, akalikalia.

Miaka ishirini na mitatu Fundi alikuwa anarekebisha saa za watu, zikiwemo saa za mchezo za klabu hii hii, na kila skrubu aliyoikaza aliikaza kwa hasira. Ngome ile haikuwa ya kuonwa na mtu yule kwa akili yake. Kuna aliyemnong'oneza. Au hakuiona kabisa.

Bahati ikamwangukia juzi. Mwamuzi, sasa mzee wa kutembea na fimbo, alikuwa anahama nyumba, akaikuta bahasha kwenye kopo la biskuti, akampa Fundi. Mchezo uliisha kwa simu, basi hakuna aliyewahi kuifungua.

Fundi aliichomoa mfukoni, akainyanyua juu.

"Mzee, hii ndiyo yenyewe?"

Mwamuzi aliisogeza karibu na jicho lake zima. "Ndiyo. Sahihi yangu juu ya gundi. Tarehe ile. Saa kumi na mbili na robo jioni. Haijaguswa."

"Fundi, rudi dukani!" mtu alipaza sauti kutoka nyuma. "Saa yako wewe imekwama miaka ishirini na mitatu!"

Watu wakacheka. Fundi hakucheka. Mishipa ya shingo ilikuwa imemtoka kama kamba.

"Cheka, cheka sana! Ikiwa humu kuna ngome, nitapiga magoti hapa hapa nimfute viatu shemeji yangu kwa shati hili. Ikiwa hamna ngome, kila kitabu kilichopo mezani pale kinachanwa, na jina linatoka mlangoni. Umekubali, Bingwa?"

Bingwa Mkuu alikuwa amesimama karibu na keki, kisu mkononi, uso umempauka. Alikiweka kisu chini taratibu.

"Shemeji, nakuomba. Ichome hiyo karatasi."

"Ahaa! Mmemsikia?"

"Jina litoeni, vitabu chaneni, nitavichana mwenyewe. Lakini usiifungue. Haitakufaa."

"Tangu lini unajua kinachonifaa?"

"Kaka, basi," dada yake alisema, safari hii bila ukali. Alikuwa anamwangalia mumewe. "Kama kakubali vichanwe, si umeshashinda? Basi."

"Sijashinda mpaka nisome!"

Akaipasua bahasha kwa kucha. Karatasi ilikuwa ya manjano, mwandiko wa kijana, wino umefifia lakini unasomeka. Mistari mitatu.

"Soma!" ukumbi ukapiga kelele. "Soma tusikie!"

Fundi Saa akafungua kinywa. Alianza kwa sauti ya mtu anayefoka, akamalizia kwa sauti ambayo hata wa mstari wa mbele waliinama kuisikia:

"Nimetafuta, sioni njia. Nimesalimu amri. Kesho asubuhi nachukua begi langu narudi kwetu. Mwambieni Fundi kashinda."