Usivue, Wifi

"Usivue," Dina alisema. "Wifi, nakuomba, usivue."

Aneth alikuwa ameshapeleka mkono kwenye ile miwani nzito iliyomfunika macho na nusu ya uso. Akaushusha. Mbele yake ubao mwembamba ulichomoza ukingoni mwa ghorofa ukaishia hewani, na chini kabisa magari yalionekana madogo kama punje za uwele. Upepo wa mchezo ulivuma kwenye sikio moja. Sikio la pili Dina aliliacha wazi ili wasikilizane.

Alijua yuko sebuleni kwake Mwankoko, saa tisa mchana, juu ya mkeka. Akili ilijua. Miguu ilikataa kusogea.

Mashine hiyo ya gemu aliinunua mumewe, Frank, pamoja na miwani yake iliyounganishwa kwa waya mrefu na rimoti mbili za kushika mikononi, kisha akasafiri kwenda Manyoni bila kuiwasha. Aliyejua kuiwasha alikuwa dada yake, Dina. Ndiye aliyekuja mchana huo, akasukuma meza hadi ikaziba mlango wa mbele, akabana magunia ya alizeti kwenye kona, akafungua mlango wa uani hewa ipite.

"Anza na huu wa ubao," alisema akicheka. "Ndio wa wanaoanza. Ukipiga kelele nakurekodi."

Aneth hakucheka. Siku ya harusi yake Dina alimrekodi akijikwaa na kuanguka mbele ya wageni, na video ile ilizunguka kwenye simu za watu hadi Mkiwa. Tangu hapo, miaka minne, walisalimiana kwa sababu tu ilibidi wasalimiane. Leo alikubali kwa kuwa Frank alimsihi wapatane.

Na sasa Dina, aliyekuwa akicheka tangu mchezo uanze, alikuwa amekatisha kicheko katikati, kama mtu aliyezibwa mdomo.

"Wifi, unanirekodi?"

"Ndiyo. Nakurekodi. Simama hivyo hivyo."

Kitu kikampita Aneth juu ya vidole vya mguu. Kilikuwa cha baridi, kikavu, na hakikuwa na haraka.

"Waya huo unanigusa."

"Uache."

"Unatembea! Unauvuta?"

"Naukunja. Usiinue mguu. Usitikise hata kidole."

Sauti ya Dina ilikuwa laini. Aneth hakuwahi kuisikia hivyo, na ulaini huo ulimtisha kuliko ghorofa. Mtu aliyemzoea kwa kejeli, leo anambembeleza? Anapanga nini? Jasho lilimchuruzika mgongoni. Waya ule ulichukua muda mrefu kuisha.

"Vizuri," Dina alinong'ona. "Sasa toka kwenye ubao. Hatua moja kulia, polepole."

"Kulia hakuna kitu! Nitaanguka!"

"Najua unachokiona. Toka."

"Mimi navua."

"Aneth!"

Hakuwahi kumwita kwa jina.

"Ile ya harusi nilikukosea," Dina alisema, na sauti ikamtetemeka. "Nimeshindwa kukwambia miaka yote hii. Kesho nitukane unavyotaka. Leo nisikilize. Hatua moja tu."

Aneth akatazama chini, yalipo magari. Akafumba macho ndani ya miwani, ikawa vibaya zaidi, akayafumbua. Akatoa mguu nje ya ubao.

Ghorofa zikaruka kwenda juu. Lami ikaja mbio usoni mwake, kila kitu kikawa cheupe, na hapo hapo mchezo ukamrudisha juu ya ubao. Lakini mguu wake ulikuwa umekanyaga saruji.

"Tena," alisema Dina.

Akaanguka tena. Alipoinua mguu mara ya tatu, akasikia mvumo mfupi, kama mtu anayepuliza vumbi, na matone yakamrukia kidevuni na kwenye vidole.

"Unanimwagia maji?" Aneth alianza kulia. "Dina, nimekufanyia nini?"

"Usijifute! Usiguse uso! Kulia. Tena. Tena, wifi."

Alianguka mara ya nne, ya tano, ya sita, huku midomo ikitaja Baba Yetu bila mpangilio. Halafu kitu kikavutika kichwani pake na ghafla pakawa giza tupu. Upepo ukakatika. Waya ulikuwa umechomoka kwenye mashine. Bega lake likagonga fremu ya mlango, akageuka, na jua la uani likamchoma shingo.

"Umefika nje?"

Sauti ilitoka mbali, upande wa pili wa chumba.

"Niko mlangoni."

"Rudi nyuma hatua kumi. Uzihesabu. Ukimaliza, vua."

Alizihesabu kwa meno yanayogongana, na katika kila hatua hasira ilikua. Angempigia Frank sasa hivi. Angemwambia dada yake asikanyage tena hapa. Kumi. Akaivua miwani kwa nguvu, akafungua mdomo kutukana, na kioo cha mbele cha miwani kikamdondoshea mkononi ute mweupe.

Juu ya mkeka aliosimama dakika moja iliyopita, swila, nyoka atemaye sumu, mrefu kama mpini wa jembe na zaidi, alikuwa ameinua kichwa, shingo ameitanua, akigeuka taratibu kuuacha mlango. Ng'ambo yake, kwenye kona isiyo na pa kutokea, Dina alibana mgongo ukutani, macho ameyafumba, na mikononi hana simu wala chochote.